Mstari wa Nywele za Menza

Bombolulu, 9 Machi 2024

Mama, shikamoo. Magoti yaendeleaje? Mimi mzima, nazidi kupendeza.

Griffin wa bodaboda kanipa ujumbe wako: ati matanga ya Menza hayafungwi mpaka ninyolewe. Mama, nywele hizi wasichana wa huku wanazililia! Tena kinyozi wangu ni kaka Menza peke yake. Akirudi atanikata, nami nimkate, kama desturi yetu. Duka lake nafagia kila siku, kiti chake hakikaliwi.

Yule mliyemzika nilimtazama sana jenezani. Mstari wa nywele umepinda kama uliotafunwa na mbuzi! Menza, fundi wa Kisauni nzima, alale mbele za watu vile? Shule niliachia darasa la sita, lakini kichwa cha mtu nakisoma. Mmezika mtu mwingine. Simu nimezima, nimechoka na pole zenu.

Mwanao mtanashati,
Ngowa

Port Reitz, 17 Machi

Mwanangu, marahaba. Magoti ni yale yale. Lakini chakula wala? Shangazi yako Nyamvula na wadogo zako wamenyolewa. Umebaki wewe. Nakusihi, njoo.

Mama

Bombolulu, 2 Aprili

Shikamoo, Mama. Nala, hata kitambi kinaota.

Jana nilimwona Menza dukani kwa Jalila, ananunua wembe. Nikamwita, akazidi kwenda, maringo yake wayajua. Nikamfuata mpaka stejini. Alipogeuka, sura kaazima ya mtu. Mwambieni mchezo basi! Mashine yake ya kunyolea naitia mafuta kila asubuhi.

Na kama mwabisha, nijibuni moja: yule wa jenezani alinyolewa na nani?

Ngowa, msimamizi wa duka

Port Reitz, 5 Aprili

Marahaba, mwanangu.

Ni mimi. Wiki tano wodini, nywele zilimfika masikioni. Kila muuguzi akitaka kumkata, alikataa: "Ngowa atakuja kunitengeneza." Hukuja. Sikulaumu, najua uliogopa kumwona vile. Siku ya kumtoa mochari nikamkata kwa mkasi wangu wa cherehani. Mstari ule niliupinda mimi.

Mama

Bombolulu, 20 Aprili

Mama, shikamoo.

Hali yako siulizi, nitaiona mwenyewe. Jumamosi ijayo nakuja. Mashine naiacha huku, kwenye kiti.

Nitolee mkasi ule ule. Ukinikata ukapinda, usirekebishe.

Mwanao,
Ngowa