Bi Kisirani Hafi

Buzebazeba, Kigoma

Dada yangu mpendwa Dorotea,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta salama huko Kasulu, wewe na shemeji, na kwamba ule mguu umepunguza kukusumbua. Sisi huku tunaendelea vizuri, tunamshukuru Mungu.

Mwanangu Bariki amepata mchumba, Happiness, binti wa wavuvi wa Kagunga. Ana adabu na anacheka kwa sauti. Nimempenda mno.

Lakini kazi yangu unaijua. Nilianza kumwigiza Bi Kisirani, yule mama mkwe mchawi, nikiwa na Bariki mgongoni. Sasa mtoto ana ndevu, na kila Ijumaa bado namlisha mkamwana wangu sumu kwenye runinga. Dar hawanijui, ila kando ya ziwa hili watoto wakiniona wanatimua mbio. Mara ngapi nimemwomba Walter, mtayarishaji wetu, aniue kwenye mchezo, hata kwa homa tu! Anacheka, anasema nikifa mimi na kituo kimekufa. Nami kwa umri huu nitashika kazi gani nyingine? Nimenaswa, dada.

Mwezi uliopita wazazi wa Happiness walikuja na bibi yake kututembelea. Nikapika samaki wa migebuka kwa mawese, ugali nikausonga mwenyewe. Bibi wa binti akanikazia macho, kisha akasogeza sahani pembeni. Wote wakasema wameshiba, watu waliotoka Kagunga na boti tangu alfajiri! Nililia jikoni kama mtoto.

Walipoondoka wakamwambia mshenga wetu, Mzee Gasper, kuwa binti yao hatalishwa na mkono ule. Mzee akawaeleza kuwa yale ni maigizo. Bibi akajibu kwamba hakuna mtu anayeweza kuigiza ubaya miaka yote hiyo bila kuwa nao.

Bariki aliapa kwamba ni heri amwache binti kuliko kunikana. Sikuweza kuvumilia hilo. Jumapili nilimtuma Mzee Gasper awaambie kuwa mimi nilimlea tu Bariki, na mama yake mzazi ni wewe. Nisamehe sikukuuliza kwanza. Wamekubali, ila mlezi asionekane harusini. Bariki alininunia siku nzima, kisha akaja kulaza kichwa mapajani mwangu.

Nakutumia kitenge nilichojishonea kwa siku hiyo. Kivae, dada, ukae kiti cha mama. Bibi akipakua chakula, kula sana.

Nisalimie shemeji na majirani wote.

Ni mimi mdogo wako,
Skolastika,
mama mdogo wa Bariki