Mskoti, Mama na Benchi la Nyuma

Jumamosi, Ramisi. Mvua imenyesha tangu alfajiri, na sasa, saa kumi jioni, imekatika. Nguo za juzi bado zina unyevu na uwanja mzima ni tope. Lakini moyo wangu ni mwepesi, neno ambalo sijaliandika humu kwa muda mrefu.

Kwa asiyenijua: mimi ni mwalimu wa shule ya msingi, na siku za Jumapili ni karani wa kanisa letu dogo. Mikutano ya baraza la wazee naiandika mimi. Barua za baraza nazisoma mimi pia, mbele ya watu wote, kwa sababu nina sauti ya darasani.

Miezi mitatu iliyopita nilisoma barua ya kumfungia mama yangu Meza ya Bwana, asipokee mkate wala kikombe.

Mama alizaliwa Mwabungo katika nyumba ya Kiislamu. Akaolewa na baba, Mduruma Mkristo aliyekuja kukata miwa, naye akabatizwa. Kaka yake, Mjomba Hamisi, alipofariki, Mama alikwenda matangani, akapika na wenzake, na siku ya hitima akavaa buibui la kuazima, akaitikia amina. Wazee wakamwita. La hitima nadhani wangelimezea. Kilichowakera ni jibu lake. Mzee Chizi, mwenyekiti wetu, alimwambia asijisumbue kumwombea Hamisi, maana alikufa akiwa nje.

"Nje ya wapi, mzee wangu?" Mama akauliza. "Yesu alimfia Hamisi kama alivyonifia mimi."

Akatakiwa ayafute maneno hayo. Akakataa. Akapelekwa benchi la nyuma mpaka atakapotubu. Wakati wote huo mimi nilikuwa naandika. Kichwa cha shauri lenyewe nilikipigia mstari kwa rula, ukanyooka vizuri.

Sasa huyu Mskoti. Kila Alhamisi nasoma kozi ya wahubiri kule Ukunda. Mchungaji anayetufundisha, kijana wa Nakuru, aligawa wahubiri wa zamani kwa kura, nami nikaangukiwa na Mskoti mmoja wa karne ya kumi na tisa. Nilinung'unika. Wenzangu wamepata mashahidi wa imani walioliwa na simba, mimi napewa mtu wa baridi na kondoo. Mchungaji akacheka, akaniambia, "Mwalimu, huyo jamaa alikuwa na kesi noma. We soma tu."

Nikasoma. Alikuwa mchungaji kijana wa parokia ya mashambani. Kanisa lake lilifundisha kwamba Kristo aliwafia wateule peke yao. Alipowatembelea waumini wake aliwakuta wamejaa hofu, kila mmoja akijichunguza kama yumo au hayumo. Akaona kwamba watu hawawezi kumpenda Mungu ikiwa hawajui kama anawapenda. Basi akaanza kuwahubiria kwamba Kristo alimfia kila mtu. Hakusema dhambi ni mchezo. Alisema msamaha ulitangulia, na toba ni jibu la mtu aliyekwisha kupendwa, si bei ya kununulia upendo. Wakamshtaki, wakamvua uchungaji. Hakufuta neno. Aliendelea kuhubiri popote alipopata watu wa kumsikiliza, na uzeeni ndipo walipoanza kumheshimu.

Lakini kilichonikaa kooni ni jambo dogo. Baba yake, mchungaji katika kanisa lilo hilo, alisimama katika mkutano uliokuwa ukimfukuza mwanawe, akasema haoni haya kuwa baba yake.

Na mimi nilikuwa na rula.

Leo asubuhi baraza limekaa, na zamu ya kutoa neno la kufungulia ilikuwa yangu. Nilijipanga kwa ujanja: niwasimulie kisa cha Mskoti, wamwonee huruma, kisha niwageuzie kibao. Nilikwenda vizuri mpaka nilipofika kwa yule baba. Hapo sauti ya darasani ikanitoroka. Mzee Chizi akavua miwani.

"Mwalimu," akaniambia kwa upole, "unamsema mama yako. Sema basi."

Nikasema. Sikuwalaumu wao. Niliwaambia kwamba siku ile sikunyamaza kwa kukubaliana nao. Nilinyamaza kwa sababu nilimwonea haya Mama, lile buibui, na watu wa Msambweni waliomwona nalo. Nikasema ninaamini alichosema kuhusu Mjomba, na ikiwa ni kosa, basi wakosaji ni wawili na benchi la nyuma lina nafasi.

Mvua ilikuwa inapiga mabati. Mzee mmoja akakumbusha kwamba toba haijaonekana. Mzee Chizi akaigeuzageuza miwani mkononi.

"Nina dada Mkwiro," akasema. "Kaolewa huko, kasilimu. Sijawahi kumwuliza Mungu habari zake, kwa kuogopa jibu."

Wakapiga kura. Wawili hawakuinua mikono, nami sitawasema vibaya. Mama anarudishwa bila kufuta neno.

Kwa desturi yetu, aliyesoma barua ndiye humshika mkono aliyefungiwa, akamleta mbele. Yaani mimi, kesho.

Nilikimbia nyumbani na matope yangu. Mama alikuwa juu ya mbuzi anakuna nazi. Nilipompa habari nilidhani atalia. Aliendelea kukuna.

"Kule nyuma kuna upepo," akasema. "Nimepazoea."

Nikamwomba radhi. Nilipaswa kufanya hivyo miezi mitatu iliyopita, na nimemwambia hilo pia. Akaweka kifuu chini, akafuta mikono kwa leso.

"Mbele nitakwenda, mwanangu. Lakini hujaniuliza nilikuwa nikikaa na nani. Kesho njoo ukae nami kwanza. Tuimbe huko nyuma, neno tulisikie huko. Ukishajua palivyo, ndipo unishike mkono."

Nimeshampigia mwenzangu simu aandike badala yangu. Daftari linabaki mezani, na rula juu yake.

Kesho, basi, ni benchi la nyuma. Watu wakigeuka kutuangalia, na watuangalie. Mimi ni binti yake.