Basi Lenye Timu Halipigi Rivasi

Khmelnytskyi,
Jumatano, 14 Oktoba 1998

Kwa Baba yangu mpendwa, Mzee Panas,

Shikamoo, Baba. Natumaini barua hii itakukuta mzima, mgongo umekuachia, na Mama naye kifua kimetulia kwa kuwa baridi haijaanza kuuma. Mimi sijambo. Nakula, nalala, nafanya kazi. Fundi Yarema, yule mwenye karakana ya viatu niliyekuandikia habari zake, bado ananipigia kelele kutwa nzima, lakini viatu ninavyoshona siku hizi havirudishwi na wenyewe, na kwa mtu mgumu kama yeye hiyo ndiyo sifa. Kazi ni ya kukaa, kwa hiyo goti halinisumbui isipokuwa mvua ikikaribia. Dada Melanka msalimie sana, na umwambie barua yake nimeipata juzi.

Barua hiyo ndiyo iliyonishikisha kalamu. Melanka anasema Jumapili hii mtu wa kijiji cha pili anakuja kuichukua Moskvichi yetu. Mmeshapeana mikono, mmeshanywa kidogo juu yake, na gari umeliosha na kulifunika turubai. Anasema Mama anakwenda sokoni kwa miguu, akivuta kigari cha mkono chenye viazi na jibini, na wewe ukiulizwa unajibu kwamba kipofu hana haja ya gari. Baba, wewe si kipofu. Hilo ninalijua kuliko daktari yeyote wa macho, na nimelikalia miaka miwili na miezi minne. Nivumilie nianze mwanzo, maana nikianza na mwisho nitaichana karatasi hii kama nilivyochana tatu za jana.

Unaikumbuka Machi ile niliposajiliwa na timu ya kiwanda chetu cha sukari. Mama alilia, Melanka akaenda kuwatambia mashoga zake kwamba kaka yake sasa analipwa kwa kukimbia. Daraja la tatu, Baba! Viwanja vyenye mashimo, mbuzi wamefungwa nyuma ya goli, watazamaji mia mbili wanatafuna mbegu za alizeti na kututukania mama zetu. Lakini mimi niliona nimefika. Beki wa kushoto, jezi namba tatu. Nilicheza mechi kumi na moja, nikapata kadi mbili za njano na goli moja, nalo mpira ulinigonga sikioni ukaingia wenyewe. Wewe ulilisimulia goli lile kiwandani mpaka likawa la kichwa cha kuruka.

Na wewe ulikuwa dereva wetu. Miaka kumi na tisa umeliendesha basi la timu, na siku yangu ya kwanza ulinisimamisha mlangoni ukaniambia, "Humu ndani mimi ni dereva na wewe ni mchezaji. Baba yako yuko nyumbani, anapalilia vitunguu." Wenzangu walicheka wiki nzima. Kila nikichelewa, nahodha Lavrin alikuwa anauliza kama baba yangu amemaliza kupalilia.

Mwiko wa basi haukuwa wako peke yako, timu zote za kwetu zinao: basi lenye timu halipigi rivasi. Ukilirudisha nyuma wachezaji wakiwa ndani, umewarudisha nyuma na bahati yao. Lakini hakuna aliyeushika kama wewe. Jioni ya kuamkia safari uliliegesha basi pua ikitazama barabara. Mara moja ulituzungusha kilomita thelathini kwa sababu lori la viazi lilikuwa limeziba njia, na kocha Havrilo, pamoja na ukali wake wote, alikuachia uende.

Sasa nakuja kwenye ile Jumatano ya Juni. Najua unaijua kuliko mimi, ila nataka tuitazame pamoja. Ilikuwa mechi ya kufunga msimu, ugenini kwa wale wa kiwanda cha saruji. Sare ingetosha kutubakiza kwenye ligi. Tena kulikuwa na mtu wa timu ya daraja la juu aliyekuja kuangalia mabeki, na kocha alikuwa ameniambia waziwazi kwamba jina lililo kwenye daftari la mtu huyo ni langu. Hilo ulilijua, maana asubuhi ile ulikuwa umenyoa ndevu vizuri kuliko siku ya harusi ya Melanka.

Mvua ilinyesha njia nzima. Barabara kubwa ilikuwa inakarabatiwa, kibao kimepinda, tukaingia njia ya mashamba ya viazisukari mpaka tukakuta daraja limebomoka. Matope kushoto, matope kulia, pa kugeuzia hakuna. Ilibidi kurudi nyuma mita mia tatu. Ukazima injini, ukasimama, ukasema, "Haya vijana, shukeni wote. Kocha pia. Hata mipira ishuke." Lavrin akauliza kama chawa wa Mzee Sidir nao washuke, na Sidir, mtunza vifaa wetu, akamjibu kwamba chawa wake wana adabu, wametangulia. Watu wakashuka na mvua ile, wengine wakakimbilia chini ya mti, wengine vichakani kujisaidia. Hakuna aliyehesabu. Wewe ukatazama kwenye kioo, ukauliza kwa sauti, "Kuna mtu humu?" Kimya. Ukauliza mara ya pili. Kimya. Ndipo ukarudi nyuma, polepole, mpaka njia panda, na watu wakakufuata kwa miguu wakilaani matope.

Tulifungwa manne kwa moja. Matatu yalipita upande wangu. La nne nilianguka peke yangu, hakuna aliyenigusa, goti likalia ndani kama kijiti kikavu, nikatolewa kwa machela. Yule mtu wa daftari alikuwa ameondoka wakati wa mapumziko. Timu ikashuka daraja, na kufika Agosti haikuwepo tena.

Wakati wa kurudi, Sidir ndipo alipofungua mdomo. Akaapa kwamba pale kwenye matope, basi likirudi nyuma, aliona kichwa kwenye dirisha la mwisho. Ukamwambia ameona begi. Akasema begi halina nywele. Mji mzima ukalichukua neno hilo. Mwanzo ulibisha, ukasema kioo kilikuwa kitupu na umeuliza mara mbili. Wakakujibu kwa upole, na upole wao ndio uliouma: "Mzee Panas, una miaka sitini na moja. Macho nayo huchoka." Baada ya wiki mbili ukapeleka funguo kiwandani mwenyewe, hakuna aliyekuomba.

Baba, nilikuwa hospitali siku ulipokuja umebeba varenyky za Mama, zile za unga zilizojazwa viazi, kwenye sufuria iliyofungwa taulo. Ulikaa ukingoni mwa kitanda, kofia mkononi. Ulisema labda Sidir amesema kweli. Ulisema labda kulikuwa na mtu, nawe hukumwona, na kwa hiyo wewe ndiye uliyeliharibu goti la mwanao kwa mkono wako mwenyewe. Kisha ukaniomba msamaha. Mimi, kijana wa miaka ishirini na moja, nimelala pale nakula varenyky zako, nikakwambia, "Nimekusamehe, Baba, yaishe." Nililitamka hivyo hivyo bila kukutazama. Nikasogeza sufuria nikaendelea kula.

Tangu siku hiyo hujashika usukani. Na mimi tangu siku hiyo sijawahi kula varenyky nikazimaliza.

Kichwa alichokiona Sidir kilikuwa changu.

Nimeshaliandika, acha nimalize kabla ujasiri haujanitoka. Jumapili kabla ya mechi, kocha alikuwa ametukataza kwenda popote. Mimi niliwaaga kwamba naenda kuvua samaki mtoni, kumbe nilikwenda harusi kijiji cha kina Mama. Wapiga fidla walipoanza ile ngoma ya kuchuchumaa na kurusha miguu, wasichana wakapiga kelele kwamba mchezaji wa mpira aingie katikati, na mjinga akaingia. Nilirusha miguu kuliko wote, na nikiinuka mara ya mwisho goti likateguka. Jumatatu lilikuwa limevimba kama kabichi. Nikamwambia kocha nimekula uyoga mbaya, nikakosa mazoezi siku mbili, nikalifunga bandeji chini ya suruali. Asubuhi ya Jumatano nilipanda basi kabla ya wote, ulipokuwa umeinama unapima mafuta ya injini, ili usinione nikipanda ngazi kama bibi kizee.

Uliposema tushuke, niliona ngazi ile ndefu na kocha amesimama chini yake anatazama miguu yetu mmoja mmoja. Nikajua nikishuka, sichezi. Nisipocheza, daftari linafungwa. Basi nikajilaza sakafuni baina ya viti vya nyuma, nikajivutia makoti ya wenzangu. Nilikusikia, Baba. Nilikusikia mara zote mbili. Mara ya pili ulikuwa karibu nami kwa sababu ulitembea mpaka katikati ya basi, viatu vyako vilikuwa vinalia maji, na mimi nikaziba mdomo kwa kiganja. Kisha basi lilipoanza kurudi nyuma, mwiko ukaniingia mwilini. Nilishikwa na woga nikainua kichwa kutazama kama tunafika. Ndipo Sidir akaniona. Watu walipopanda kwa fujo, wameloana, mimi nilikuwa nimeshakaa, nimejimwagia maji ya chupa kichwani. Hata hilo nililifikiria. Kule uwanjani nilishuka wa mwisho kabisa, macho ya wote yakiwa kwenye nyasi.

Kwa hiyo sikiliza, nakuomba. Kioo chako kilikuwa kitupu kweli. Macho yako yaliona kilichokuwepo kuonekana, na kilichofichwa hakikuonekana kwa sababu kilifichwa na mwanao. Wala hukuvunja mwiko, uliuliza kama dereva anavyopaswa kuuliza, na aliyepaswa kujibu akanyamaza. Kama ni bahati iliyorudi nyuma, niliirudisha mimi. Kama ni goti, nililiharibu mimi katikati ya duara la wasichana. Ningeshuka nikachechemea mbele ya kocha, angempanga yule Danko wa akiba, ambaye alikuwa mzito lakini ana miguu miwili. Huenda tungepata sare. Huenda leo ungekuwa unapalilia vitunguu Jumamosi tu, kama zamani.

Mara ngapi nilitaka kusema! Siku niliyoondoka nyumbani kuja huku, tulikaa kimya kidogo kwenye benchi kabla ya safari, kama desturi, Mama, Melanka na mimi. Wewe ulibaki umesimama mlangoni, na nilipokuita ukajibu kwamba asiyejua kufikisha watu salama asikae na wasafiri. Nikachukua begi nikaondoka. Nimejiambia kwamba nilikimbilia mji huu kutafuta kazi, lakini kazi ya viatu hata kwetu ipo. Nilikuwa nakukimbia wewe na macho yako.

Barua hii nimemwomba dereva wa basi la mkoani aiweke mkononi mwa Melanka kesho. Melanka namwomba akusomee polepole, na akifika pale pa harusi asiruke hata mstari. Kisha kama hamtajali aende akamsomee Mzee Sidir pia, kwa sababu miaka miwili watu wawili wakweli hamsalimiani kwa ajili ya mwongo mmoja. Yeye aliona kichwa. Wewe hukuona mtu. Wote wawili mlisema kweli.

Nami nakuja. Fundi Yarema amenipa ruhusa, baada ya kunitukana kidogo. Jumamosi nitashuka treni ya saa nane mchana kwenye kituo chetu kile kidogo. Kutoka hapo mpaka nyumbani ni kilomita tisa, unazijua. Sistahili kukuomba kitu, lakini naomba: liondoe turubai, uje unichukue. Nikitoka nje nikaiona Moskvichi, nitajua. Nisipoiona, sitakulaumu hata kidogo, nitatembea, nitafika jioni, na nitayarudia haya yote mbele yako kwa mdomo wangu, Mama akiwepo.

Msalimie Mama, umwambie asinipikie varenyky mpaka wewe useme nipikiwe. Mpe pole kwa safari za sokoni. Wasalimie majirani wote, na Lavrin kama bado anapita hapo.

Lingine, Baba. Pale mbele ya kituo hakuna pa kugeuzia, gari lililoingia hutoka kwa rivasi. Ukija, usiniite niingie kwanza. Nitabaki nje, nitasimama pembeni unapoweza kuniona kwenye kioo, mpaka umalize.

Ni mimi mwanao,
Yukhim