Dakika Kumi na Saba za Kimya

Section 58, Nakuru
Jumanne asubuhi

Kwako Mama Kigen,

Pokea salamu nyingi kutoka kwangu na kwa mama yangu. Natumaini barua hii itakufikia ukiwa mzima hapo Mogotio, na kwamba goti limeanza kukuachilia utembee. Sisi hapa tunaendelea vizuri, ila mimi situlii. Tangu wiki iliyopita nimekupigia simu mara tatu, na kila ukipokea naishia kukuuliza kama mvua imenyesha. Ndiyo maana nimeona niandike.

Asante kwa kuku uliyemtuma na Kosgei. Mama yangu alifurahi sana. Mimi nilisema nimeshiba, nikatoka nje.

Uliwahi kuniuliza mimi na Kigen huwa tunaongeaje tukicheza game, na yeye yuko Kariandusi. Tunatumia programu inayobeba sauti kwa intaneti. Kila mtu anavaa headphone kwake nyumbani, mnasikilizana kama mliokaa meza moja. Walioitengeneza ni watu wa kujitolea, wako nchi mbalimbali, na wameitoa bure na kuacha kazi yao yote wazi ili anayetaka aisome na kuirekebisha. Sisi tumeiweka kwenye kompyuta kuukuu iliyo chini ya kitanda changu. Tuko wanne: mimi, Kigen, Samsam wa hapa mjini, na Natasha wa Lanet. Msimamizi ni mimi.

Habari ya ile Jumamosi unaijua. Tulikuwa kwenye fainali na vijana wa Eldoret, saa tisa mchana, pumu ikambana Kigen akiwa peke yake chumbani. Maikrofoni yake ikakataa, hatukumsikia. Mimi nikashtuka kuona amenyamaza, nikampigia jirani yake Kosgei, naye akavunja mlango na kumkimbiza hospitali Gilgil. Uliniambia kanisani kwenu waliniombea kwa jina. Mama, nilitamani simu ikatike.

Kigen alipotoka hospitali alikuwa na jambo moja tu kichwani. Alisema aliongea, na programu ikameza sauti yake, na lazima kasoro hiyo itafutwe kabla haijamuua mtu mwingine. Akawaandikia wale watengenezaji. Walimjibu siku hiyo hiyo. Mmoja alimwomba msamaha kana kwamba ndiye aliyemkaba koo, akasema ameacha kazi zake nyingine zote na anapitia programu mstari kwa mstari. Baada ya siku nne aliandika kwamba haoni kitu. Akaomba kumbukumbu za kompyuta yetu, kwa sababu programu huandika kila jambo linalofanyika, na saa yake.

Kumbukumbu hizo ninazo mimi peke yangu. Niliahidi kuzituma kesho yake. Kesho yake nikasema umeme umepotea. Samsam akauliza, nikamjibu vibaya. Natasha akauliza, nikafunga kompyuta, nikatembea kwa miguu mpaka Lanet na kurudi bila kazi yoyote huko. Nilikuwa nakaa dakika mbili nasimama, nafungua zile kumbukumbu, nazifunga. Na huku mtu nisiyemjua anaendelea kutafuta kosa ambalo halipo.

Mama, maikrofoni ya Kigen haikuharibika. Kumbukumbu zinasema saa tisa na dakika kumi na mbili, Bravin amezima sauti ya Kigen. Ni mimi. Tulikuwa tunaongoza, na alikuwa anapumua kwa kelele masikioni mwetu, kama mtu anayekata mbao. Nilidhani anatufanyia mzaha, vile anavyopenda. Msimamizi anaweza kumzima mtu kwa kubonyeza mara moja tu, na nikabonyeza. Dakika kumi na saba. Tulishinda, tukashangilia, mpaka Samsam akasema, “Mbona mtu wa Kigen kwenye game amesimama tu hapo?” Nilipomrudishia sauti, nilisikia pumzi nyembamba, na redio ya jirani.

Ningeweza kuufuta mstari ule. Jumapili niliuwekea alama tayari kuufuta, kidole kikiwa juu ya kitufe, nikaondoka. Jana nilizituma kumbukumbu zote jinsi zilivyo, kwa watengenezaji na kwa Kigen, kisha nikampigia Kigen kabla hajazisoma mwenyewe.

Hakunitukana. Aliniuliza jambo moja.

“Kabla hujanizima, ulinisikia nikiita jina lako?”

Nikamwambia nilisikia. Alisema “Bra”, na jina halikumalizika, na mimi nikabonyeza.

Akakata simu. Tangu hapo hajaingia kwenye programu. Nimetoa usimamizi kwa Natasha.

Sikuandikii ili unisemee kwake. Ulinishukuru kwa kumwokoa mwanao, na shukrani hiyo si yangu, ni ya Kosgei. Ukinipigia nitapokea, hata kama ni kwa kunikemea. Usiponipigia pia nitaelewa.

Nisalimie wadogo zake Kigen na wote hapo nyumbani. Mungu akulinde, na akulindie yeye kuliko nilivyomlinda mimi.

Ni mimi,
Bravin Khisa