Rungu Nyeusi ya Mzee Meitamei

KITUO CHA POLISI, KITENGELA
Maelezo ya shahidi, Jumatatu tarehe 7 Julai 2003, kuanzia saa nne na dakika kumi asubuhi

Jina: Nailantei Parsaoti, mjane wa marehemu Parsaoti
Umri: Kitambulisho kinasema miaka 70. Shahidi anasema karani alimwangalia meno akaandika.
Kazi: Mfugaji. Anashona shanga na kuzeesha rungu.
Makao: Karibu na soko la Kisaju, barabara ya Namanga
Lugha: Kimaasai na Kiswahili. Hajui kusoma wala kuandika.

Mimi ndiye huyo aliyetajwa hapo juu. Sikuitwa na mtu, nimekuja mwenyewe. Nimekuja kwa sababu ya Musila, yule Mkamba mmemfungia hapa ndani tangu juzi Jumamosi. Mmeandika kwamba aliiba rungu ya Mzee Meitamei. Hakuiba. Ni mimi nilimpa, kwa mkono wangu huu. Nimeambiwa nianze mwanzo na niende polepole kwa sababu afisa anaandika kwa mkono. Sawa, lakini mwanzo uko mbali, naye avumilie.

Musila ni mchongaji. Alikuja Kisaju mwaka wa 1994 akapanga chumba nyuma ya bucha. Tumefanya kazi pamoja miaka tisa. Yeye anachonga rungu, ananiletea zikiwa mpya, nyeupe kama mfupa. Mimi nazitundika juu ya moto ndani ya nyumba yangu, zinakula moshi mwezi mzima. Halafu nazipaka mafuta ya kondoo na masizi, nazisugua na majani ya chai, nazigonga kidogo na jiwe hapa na pale. Zikitoka kwangu ni za babu ya mtu. Mzungu hataki kitu kipya. Vipya viko kwao vimejaa. Anataka kitu ambacho mtu alikufa akiwa amekishika. Kama hayo ni makosa andika pia, mimi niko hapa, sitoroki.

Zikiwa tayari Musila anazipeleka kwa Caren. Huyu Caren ni Mjaluo, ndiye anauza katika lile duka la vinyago kando ya barabara, ukishapita Kisaju kuelekea Isinya. Basi za wageni wanaoenda Amboseli zinasimama hapo kwa sababu ya choo. Wakitoka choo wananunua.

Afisa ameniuliza mambo ya watalii yanaingiaje katika kesi ya wizi. Yanaingia. Mgeni mmoja akinunua rungu moja, Musila analipa nyumba, mwenye nyumba ananunua maziwa yangu, mimi nalipa mwalimu wa nasari, mwalimu ananunua nyama kwa bucha. Kuna watu kwetu hawajawahi kuongea na mzungu hata siku moja, na bado alikuwa ndani ya ugali yao. Hatukujua mpaka aliponyamaza. Tangu ile bomu ya Mombasa mwaka jana mwezi wa kumi na moja wageni walianza kupungua, na mwezi wa tano mwaka huu redio ikasema ndege za Waingereza zimesimama kabisa. Caren alikuwa anapanguza vumbi kwa twiga wale wale kila asubuhi. Musila aliacha rungu akachonga miiko ya hoteli. Bucha ilikuwa inachinja mara moja kwa wiki. Mimi niliuza mbuzi nilizokuwa sitaki kuuza. Nimechoka na habari za redio, kwa sababu kila mtu akikohoa huko nje sisi ndio tunalala njaa.

Sasa rungu yenyewe. Mzee Meitamei ni shemeji yangu, ndugu mdogo wa marehemu mume wangu. Ni olaiguenani, yaani kiongozi wa rika lake. Alichaguliwa akiwa kijana, akapewa rungu nyeusi, na hiyo rungu ndiyo uongozi wake. Akiinyanyua watu wananyamaza. Jumamosi hii inayokuja, tarehe 12, alikuwa aende nayo kwa mkutano wa vijana wanaopata kiongozi wao, asimame nayo mbele yao. Meitamei aliuza kipande cha shamba akajenga nyumba ya mawe hapa Kitengela. Nyumba ni nzuri, iko na sofa, lakini haina moshi. Mwezi wa tatu mvua ilipoanza aliona unga wa mbao unadondoka kutoka kwa rungu. Wadudu walikuwa wameanza kuila. Akaniletea, akasema, "Shemeji, ni nyumba yako tu imebaki na moshi. Niwekee mpaka siku ya mkutano." Nikamwekea. Niliitundika upande wa kulia wa moto. Za Musila zilikuwa upande wa kushoto.

Mwisho wa mwezi wa sita Caren alituma neno kwamba ndege zimeanza tena na basi ya kwanza inapita Jumatano. Musila alikuja kwangu akicheka kama mtu ameoa. Mimi ananiita Koko, yaani nyanya. "Koko, wamerudi! Koko, toa zile!" Nikamwambia, "Toa huo mdomo wako mlangoni kwangu, nitazipaka mafuta kesho."

Mnamo tarehe 1 Julai 2003, siku ya Jumanne, kama saa sita mchana, niliteremsha rungu zote. Sita za Musila na moja ya shemeji. Hii ya shemeji haikuwa ya kwenda popote, lakini nilikuwa na mafuta mkononi, nikasema na yenyewe ipate, inaenda kwa mkutano. Nilizilaza zote saba juu ya ngozi pale nje. Nilianza na ya shemeji, halafu nikapaka hizo zingine. Nikiwa namalizia ya mwisho nikasikia ng'ombe wangu mwekundu analia kule nyuma. Alikuwa anazaa na ndama amekaa vibaya. Niliacha kila kitu nikaenda. Kuvuta huyo ndama kulinichukua mpaka saa tisa. Alitoka mzima.

Niliporudi Musila alikuwa amesimama mbali, hakugusa kitu. Hilo naomba liandikwe vizuri. Alisimama kule kwa lango, kwa sababu anajua mtu haingii kwa boma ya mjane na kuchukua. Aliniuliza, "Koko, ziko tayari?" Mikono yangu ilikuwa na damu na mafuta, jua lilikuwa linanipiga usoni, na jicho hili la kushoto liko na ukungu tangu mwaka jana. Niliangalia rungu saba. Zote nyeusi, zote zinang'aa. Nikazishika moja moja nipate ile nzito, kwa sababu ya shemeji ni nzito. Nikaipata. Nikaenda nikaitundika upande wa kulia. Hizo sita nikazitia kwa gunia la Musila mimi mwenyewe.

Afisa ameniuliza, mimi niliyekaa na wazee maisha yangu yote, nawezaje kukosa kujua. Musila hii mara alikuwa amepata kipande cha mti mwingine, mzito kama wa rungu ya shemeji. Siku zote anatumia mzeituni, na hakuniambia. Hiyo ni moja. Ingine ni kwamba nilizizeesha vizuri sana. Miaka tisa nafundisha mbao mpya kudanganya watu, na siku hiyo zilinidanganya mimi.

Mnamo tarehe 5 Julai 2003, siku ya Jumamosi, saa nane mchana, Meitamei alikuja na wazee wawili kuichukua. Nilimpa. Aliishika. Kidole chake kikubwa kilikuwa kinatafuta mahali pake, maana miaka yote hiyo kimechimba shimo kidogo pale chini ya kichwa cha rungu. Hakukuwa na shimo. Akasema, "Hii si yangu." Niliichukua nikaiangalia kwa jicho zuri. Nikaona pale nilipogonga na jiwe.

Nilijua hapo hapo. Afisa aandike hivyo. Nilijua kabla mtu yeyote kusema neno, na mdomo wangu ukakataa kufunguka.

Mzee mmoja akauliza ni nani mwingine anaweka rungu hapa. Mtu akasema, yule Mkamba. Vijana wawili waliokuwa kwa boma walienda sokoni wakamleta Musila. Walimpiga pale pale kwangu, mbele ya mlango. Alikuwa anasema, "Koko, waambie! Koko, si wewe ulinipa?" Mimi nilisema, "Muacheni," lakini sikusema, "Ni mimi." Walimtoa meno mawili. Saa kumi na moja wakampandisha pikapu wakamleta hapa.

Jana Jumapili, tarehe 6, baada ya kanisa, shemeji alirudi peke yake. Alikaa kwa kiti cha marehemu. Nilimpa chai, hakuigusa.

Akasema, "Nailantei, ulimwona huyo Mkamba akibadilisha?"

Nikamwambia, "Hakubadilisha. Ni mimi nilizichanganya."

Aliiangalia chai mpaka ikashika ngozi juu. Halafu akasema, "Basi usirudie hayo maneno."

"Na mtu wa watu akifungwa?"

"Rungu ikiibwa, wazee wanaomba, wanabariki ingine, tunaendelea. Lakini ikitoka kwa nyumba yetu wenyewe, ikauzwa pamoja na twiga wa mbao? Mimi nitasimama Jumamosi mbele ya vijana na nini? Niwaambie nini?"

"Waambie shemeji yako ni mzee na haoni."

"Watacheka."

"Wacheke basi."

"Wewe ni mama, hawatakucheka wewe. Watanicheka mimi mpaka nife."

Sitaki afisa afikiri ni mtu mbaya. Ukame wa mwaka 2000 ulipomaliza ng'ombe zangu, ni yeye aliniletea huyo mwekundu wa maziwa, na nilipoanza kushukuru akaniambia ninyamaze. Leo ananiambia tena ninyamaze na mimi nimeshindwa. Usiku sikulala, na sio mambo ya kuhadithia. Nilimwambia wakati anaondoka, "Shemeji, nakupenda, na kesho naenda Kitengela." Aliondoka bila kofia yake, ikabidi nimkimbilie nayo.

Leo asubuhi saa moja na nusu nilipita kwanza kwa Caren nione kama rungu inaweza kurudi. Nilimweleza. Alikaa chini kwa sakafu, miguu ameinyoosha. Alisema siku ya Jumatano mzungu mmoja mzee mwenye fimbo aliangalia zote sita, akairudia hiyo moja, akaishika muda mrefu. Akauliza kama kweli ni ya zamani. Caren akaniambia, "Koko, nilimwambia kama ninavyowaambia wote. Nikamwapia kabisa, akainunua. Nilikuwa najua nadanganya." Alianza kucheka halafu akashika mdomo. Dereva wa hiyo basi amesema wageni walivuka Namanga na jana walikuwa wapande ndege upande wa Tanzania. Haitarudi.

Ninachotaka ni Musila atolewe. Ako na watoto wanne na mama yake huko Machakos, na hao wote wanangoja pesa ya hizo rungu tano zingine. Kama lazima mtu akae ndani, mimi niko na blanketi yangu hapa kwa kiondo. Nimekuja tayari.

Nimemaliza. Nimesomewa yote tena kwa Kiswahili, na pale sikuelewa nimeuliza. Hakuna aliyenitisha na hakuna aliyenipa kitu. Maneno ni yangu.

Alama ya dole gumba la kushoto la shahidi

Maelezo ya afisa: Nimeyaandika haya mimi, Konstebo Selpha Wasike, na kumsomea shahidi, akaweka dole mbele yangu saa sita kasorobo. Nilimweleza kwamba hatawekwa ndani. Alikataa kuondoka kwenye benchi kabla mshukiwa hajatoka.

Mlalamishi, Mzee Meitamei, alifika saa saba mchana akasomewa maelezo haya. Hakuyapinga. Aliomba shtaka liondolewe, akatia sahihi. Alipotoka alipita mbele ya shahidi bila kumsalimu.

Mshukiwa Musila aliachiliwa saa nane na robo. Nilimuuliza ni nani waliompiga ili nifungue faili ya shambulio. Alisema kulikuwa na vumbi na hakutambua mtu. Shahidi alisimama akasema, "Wewe Musila, acha uongo mbele ya serikali. Afisa, andika." Alitaja majina mawili. Nilimuuliza anahusianaje nao. Alisema wa kwanza ni mtoto wa jirani. Wa pili, Ledama, ni mjukuu wake aliyemlea, na saa hii yuko kisimani ananywesha ng'ombe, tukienda sasa hivi tutampata.