Kerfuffle ya Firigisi

Kitale, 9 Mei 2025

Jepkorir mama,

Hujambo, na masomo huko chuoni Kibabii? Sisi tuko salama, mahindi yamefika magotini. Naandika kwa sababu kwa simu nitapaza sauti.

Tangu wazee wa Festus waje kukuposa wakaondoka kabla ya chai, sina raha. Jana babake, Mzee Hesbon, alinitumia ujumbe: "Pole kwa ile kerfuffle." Hilo ni neno gani? Kama ni tusi, posa imekwisha. Mkwe tunamuuliza ukoo wake, basi na neno hili niulizie ukoo.

Ni mimi babako

Kibabii, 12 Mei

Baba mpendwa,

Natumai u mzima, na mgongo wa mama umepata nafuu.

Si tusi. Ni Kiingereza cha mazungumzo, maana yake vurugu ndogo yenye kelele nyingi. Nimelitafuta maktabani. Lilitoka Uskoti, ambako "fuffle" ilikuwa kuvurugavuruga kitu, kama nguo zilizokwisha kukunjwa. Hiyo "ker" ya mbele, wataalamu wanadhani ni ya Kigaeli, lugha ya majirani wao wa milimani, yenye maana ya kupinda. Hawana hakika.

Lakini Baba, kwa Wabukusu, watu wa kina Festus, firigisi ya kuku ni ya mgeni mkubwa. Siku ile Shangazi Cherop aliitafuna mbele ya Mzee Hesbon, ndipo wakaondoka. Kwetu anayeitaka anachukua tu, hatukujua. Nampenda Festus, na naogopa jibu lako.

Bintiyo

Kibabii, 23 Mei

Baba,

Salamu tena. Hujajibu. Festus ananiuliza awaambie nini wazee wake. Hata kama ni hapana, niandikie.

Bintiyo

Kitale, 26 Mei

Mama,

Tuko wazima, na mgongo wa mama yako umepoa. Usinikasirikie, nilikuwa nalizungusha hilo neno kichwani. Ati kichwa cha kabila hili, mwili wa kabila lile? Na hao majirani walisikizana vipi mezani? Vitabu havisemi? Mama yako amecheka, akasema basi neno lenyewe ni mtoto wa ndoa kama yenu.

Jumamosi tunakuja Bumula, kwa kina Festus. Mwambie Mzee Hesbon achinje jogoo. Huko mgeni mkubwa nitakuwa mimi, na wewe unajua firigisi hainipiti kooni tangu utotoni.

Mwambie nitaila yote.

Babako