Mama Anaripoti

3 Machi

Mama yangu,
Shikamoo. Mgongo umetulia? Mimi mzima wa mwili tu. Lile gauni nililomshonea bibi harusi, likachanika ukumbini, bado linanifuata. Nikifungua simu nakuta watu nisiowajua wameshaporomosha matusi chini ya picha zangu: Fundi Mchano, cherehani ya magunia. Bibi harusi alinenepa baada ya vipimo, lakini nimwambie nani? Nimezuia sitini, nikimzuia mmoja wanazaliwa watatu. Na wateja wangu wote hunipata kwenye ukurasa huohuo. Nisaidie: ukiona tusi, bonyeza nukta tatu, kisha Ripoti. Usiwajibu.
Kitinda mimba wako

9 Machi

Kitinda mimba,
Marahaba. Mgongo ni wa kizee, hauna fundi. Nimeripoti tangu asubuhi mpaka chai ikapoa. Mmoja kakuita kipofu wa sindano; nusura nimtajie mama yake, nikajizuia. Wenzangu wa ususi nao nimewafundisha, tuko kumi na wanane. Kila mmoja anaripoti mara tatu kwa siku, kama dawa. Kula, mwanangu.
Mama

20 Machi

Mama,
Shikamoo. Mmeamkaje hapo? Wiki hii wateja wawili wameleta vitambaa, wa kwanza tangu harusi ile. Nililia mbele yao, aibu tupu. Ila jana nimepata onyo kwamba ukurasa wangu unalalamikiwa mno. Hebu niambie, mnabonyeza nukta zipi?
Mwanao

24 Machi

Mwanangu,
Marahaba. Sote wazima. Swali gani hilo? Zile za juu, kando ya jina lako. Mwizi akiingia nyumbani, polisi unawapa anwani ya nyumba. Ya mwizi utaijulia wapi? Sasa tunaripoti mara tano. Na leo sioni tusi hata moja. Pameandikwa, "Ukurasa huu umefungwa." Wamefungiwa nje, washenzi wale. Tulipiga vigelegele mpaka jirani akauliza nani kaolewa.
Mama

6 Aprili

Mama yangu,
Shikamoo. Nisamehe kwa kuchelewa. Nipelekee shukrani kwa wenzako wote, na sasa wapumzike. Ushonaji nimeuacha, nilishauchoka tu. Chumba cha kushonea nimemrudishia mwenyewe, cherehani kachukua fundi wa mtaa wa pili. Jumatatu naanza kupiga pasi kwenye kiwanda cha sare. Usiwe na wasiwasi. Matusi yamekwisha kweli, Mama, na ni wewe uliyeyamaliza.
Mwanao